Kazi ya Mwanamume na Kazi ya Mwanamke: Nani Aliyezigawa?

Maneno ya mazungumzo juu ya masomo na ujira wa wanawake katika Kenya

Jambo linalozungumzwa hapa lamhusu kila mzazi mwenye mtoto wa kike na wa kiume. Watu wengi husema kwamba zipo kazi za wanaume na zipo kazi za wanawake, na kwamba maumbile ndiyo yaliyozigawa tangu mwanzo. Kwa kuamini hivyo, mzazi humpeleka mvulana kujifunza ufundi wa umeme na msichana kujifunza kushona. Kisha mwajiri humlipa mmoja zaidi ya mwenziwe, wala hapana anayeuliza sababu. Yafaa sababu iulizwe. Mtu akiyachunguza mambo yaliyotokea katika Kenya kwa muda wa miaka mia moja hivi, ataona kwamba mpaka kati ya kazi hizo haukukaa mahali pamoja. Umehama mara nyingi, na mara nyingi ulipohama ulifuata fedha.

JIKONI WALIKUWAKO WANAUME

Na tuanze na kazi ambayo karibu kila mtu huiita ya mwanamke, yaani kupika, kufua na kupiga pasi. Katika Nairobi na Mombasa ya miaka ya 1920 hata 1950, mpishi katika nyumba za Wazungu na za Wahindi matajiri alikuwa mwanamume kwa kawaida. Dobi alikuwa mwanamume. Aliyetandika vitanda na kupangusa meza, ambaye watu walimwita “boi” hata kama alikuwa mzee mwenye wajukuu, naye alikuwa mwanamume. Fundi wa cherehani aliyekaa barazani mbele ya duka alikuwa mwanamume vile vile. Mwanamke alipatikana katika nyumba hizo kama yaya wa watoto, lakini jiko, ambalo kijijini hapana mwanamume aliyetaka kuonekana akilikaribia, lilikuwa mikononi mwa wanaume, kwa sababu jiko la mjini lilikuwa na mshahara.

Jambo hilo lilikuwa na asili yake. Kodi ya nyumba ilianza kutozwa katika mwaka wa 1901, na kodi hiyo ilitakiwa kwa fedha. Ili kuzipata, wanaume walitoka makwao wakaenda kufanya kazi katika mashamba ya walowezi, katika reli na katika miji. Baada ya Vita Kuu ya 1914 hata 1918 kila mwanamume Mwafrika aliyekuwa mtu mzima alilazimishwa kuchukua kipande, na kipande hicho kiliandikwa kazi yake na mwajiri wake. Utaratibu wote wa kazi ya mshahara ulitengenezwa kwa kumfikiria mwanamume peke yake. Mshahara wenyewe ulipimwa kwa mahitaji ya mtu asiye na mke wala watoto. Alipewa cha kumtosha yeye, na ilidhaniwa kwamba mkewe kule kijijini atajilisha na kuwalisha watoto kwa jembe lake. Ilipofika mwaka wa 1954, kamati iliyochunguza mishahara ya Waafrika, iliyoongozwa na Bwana Carpenter, ilipendekeza kwamba mshahara upimwe kwa mahitaji ya jamaa nzima. Maana yake ni kwamba hata kufikia mwaka huo, kazi ya mwanamke shambani ndiyo iliyojaza upungufu wa mshahara wa mumewe mjini, nayo haikuandikwa katika kitabu cha hesabu cha mtu yeyote.

Baada ya Uhuru wa mwaka 1963 mambo yalibadilika. Wanaume wengi walipata kazi za viwandani, za ofisini, za udereva na za ujenzi, zilizokuwa na malipo bora kuliko ya jikoni. Ndipo kazi ya nyumba ilipowaangukia wasichana. Leo katika miji ya Kenya wengi wa wanaofanya kazi za nyumbani ni wanawake, na wengi wao walitoka shambani wakiwa na masomo machache. Kazi ni ile ile: sufuria, pasi na kitanda. Maumbile ya wanaume na ya wanawake hayakubadilika katika miaka hiyo; kilichobadilika ni nafasi zilizopatikana kwingine na thamani ya mshahara wa jikoni.

Kazi nyingine zatoa ushuhuda kama huo. Waafrika waliofanya kazi hospitalini zamani, walioitwa madresa, wengi walikuwa wanaume. Leo wauguzi wengi wa Kenya ni wanawake. Makarani wa Kiafrika katika ofisi za serikali walikuwa wanaume, na baadaye kazi ya kupiga chapa ikaitwa ya wanawake. Lakini katika hoteli kubwa, mahali ambapo mpishi huvaa kofia ndefu nyeupe na kulipwa vizuri, mkuu wa jiko mara nyingi ni mwanamume hata sasa. Basi anayesema kwamba jiko ni la mwanamke kwa asili hana budi kueleza kwa nini asili hiyo hukoma mlangoni mwa hoteli.

SHULE ZILITANGULIZA WAVULANA

Mgawanyo wa kazi hauanzii kazini. Huanzia shuleni, na kabla ya shule huanzia nyumbani, pale baba na mama wanapoamua ni mtoto gani atalipiwa karo.

Shule ya Alliance, iliyoko Kikuyu, ilifunguliwa katika mwaka wa 1926 kwa ajili ya kuwapa vijana wa Kiafrika masomo ya juu. Shule ya wasichana Waafrika ya daraja hiyo ilifunguliwa Kikuyu katika mwaka wa 1948. Kati ya miaka hiyo miwili ipo miaka 22, nayo ni zaidi ya umri wa kijana anayemaliza masomo na kuajiriwa. Katika muda huo wavulana waliofuzu walikuwa wamekwisha kuwa waalimu, makarani na viongozi, na viti vya kwanza vilikuwa vimekaliwa.

Mambo yalikuwa hivyo hivyo huko Makerere, Uganda, chuo ambacho wanafunzi wa Kenya walikuwa wakikitazamia. Kilifunguliwa katika mwaka wa 1922 na wanafunzi 14, wote wavulana. Wanawake wa kwanza, ambao walikuwa sita, walipokewa katika mwaka wa 1945. Mpaka wakati huo wito wa chuo ulikuwa na maana ya “Na tuwe wanaume”. Wanawake walipoingia, wito huo ulibadilishwa, ukawa na maana ya “Twajenga kwa ajili ya siku zijazo”. Maneno ya ukutani ni jambo dogo, lakini yaonyesha wazi nani aliyefikiriwa wakati mlango ulipokuwa ukichongwa.

Hata msichana aliyepata nafasi shuleni hakufundishwa mambo yale yale. Mvulana alifundishwa useremala, uashi, kilimo na kazi ya ukarani. Msichana alifundishwa kushona, kupika, kufua na kulea mtoto. Katika chuo cha Jeanes kilichokuwa Kabete, karibu na Nairobi, waalimu wa kiume walikuja na wake zao. Mume alifundishwa kazi ya ualimu na maendeleo ya kijiji, na mke alifundishwa utunzaji wa nyumba. Vyama vya Maendeleo ya Wanawake, vilivyoanza katika miaka ya mwanzo ya 1950 chini ya idara ya Serikali ya ukoloni, viliwafundisha akina mama usafi, upishi bora, ushonaji na ulezi wa watoto. Masomo hayo yalikuwa na faida kubwa, na nyumba nyingi zilinufaika nayo. Watoto waliokuwa wakifa kwa maradhi ya tumbo waliokolewa kwa maji yaliyochemshwa na chakula kilichotunzwa. Wala hapana haja ya kuyadharau. Lakini yalimtayarisha mwanamke kuitunza nyumba inayoendeshwa kwa mshahara wa mtu mwingine. Hayakumtayarisha kupata mshahara wake.

Jambo la ajabu zaidi lilikuwa somo la kilimo. Wanawake ndio waliolima sehemu kubwa ya chakula cha nchi, ilhali mabwana shamba walikuwa wanaume, na mafunzo yao yalikwenda kwa wanaume. Mpango wa kilimo ulioitwa kwa jina la Bwana Swynnerton, ulioanza katika mwaka wa 1954, uliunganisha vipande vya ardhi na kuviandikisha, ukawaruhusu Waafrika wengi zaidi kupanda mazao ya kuuza kama kahawa na chai. Hati za ardhi ziliandikwa, karibu zote, kwa majina ya wanaume kama wakuu wa nyumba. Kutokana na hati hiyo mtu aliweza kuomba mkopo na kuingia chama cha ushirika. Kwa hiyo ilitokea katika nyumba nyingi kwamba mke ndiye aliyepalilia mikahawa, akachuma buni na kuibeba mpaka kiwandani, na malipo yakatoka kwa jina la mume. Nyumba yenye mume mwema haikuona tabu. Nyumba yenye mume mlevi iliiona sana, na mke hakuwa na karatasi ya kuonyesha.

WALIOVUKA MPAKA

Hata hivyo wapo waliovuka, na habari zao zafaa kukumbukwa kwa sababu zaonyesha vizuizi vilikuwa wapi.

Wangari Maathai alizaliwa Ihithe, Nyeri, katika mwaka wa 1940. Ndugu zake wa kiume walikuwa wakienda shule, na yeye alikuwa nyumbani akimsaidia mama yake. Katika kitabu cha maisha yake ameeleza kwamba kaka yake, Nderitu, ndiye aliyeuliza kwa nini Wangari naye asisome, na mama yao akaona kwamba hakuna sababu ya kumzuia. Swali la mtoto mmoja na jibu la mama mmoja vilibadili maisha yale yote. Alisoma mpaka Loreto, Limuru, akaenda Marekani katika mwaka wa 1960, na katika mwaka wa 1971 akapata shahada ya udaktari katika Nairobi, akiwa mwanamke wa kwanza wa Afrika ya Mashariki na ya Kati kufika daraja hiyo. Katika mwaka wa 1977 alianzisha kazi ya kupanda miti pamoja na akina mama wa vijijini, na katika mwaka wa 2004 akapewa Tuzo ya Nobel ya Amani.

Lakini yapo mambo katika habari hizo ambayo hayatajwi mara nyingi. Alipokuwa akifundisha katika Chuo Kikuu cha Nairobi, waalimu wanawake walioolewa hawakupewa haki za nyumba na marupurupu mengine sawasawa na waalimu wanaume. Ilichukuliwa kwamba mwanamke mwenye mume atatunzwa na mumewe, kwa hiyo hana haja. Wangari na mwenzake mmoja walisimama wakadai haki hizo, hata wakapewa baada ya mvutano mrefu. Hapo ndipo fumbo linapofumbuka. Shahada ilikuwa ile ile, darasa lile lile, na saa za kazi zile zile; lakini hesabu ya malipo ilirudi kwenye dhana ya zamani kwamba anayelisha nyumba ni mwanamume, na mshahara wa mwanamke ni wa kuongezea tu. Elimu ilimfungulia mlango wa kuingia, nayo haikutosha kumpa kiti sawa ndani ya chumba.

Bibi Grace Onyango, aliyekuwa mwalimu, alikuwa Meya wa Kisumu katika mwaka wa 1965, na katika mwaka wa 1969 akawa mwanamke wa kwanza kuchaguliwa na wananchi kuingia Bunge la Kenya. Bibi Margaret Kenyatta akawa Meya wa Nairobi katika mwaka wa 1970. Katika mwaka wa 2021 Bibi Martha Koome akawa Jaji Mkuu, wa kwanza mwanamke. Na katika uchaguzi wa magavana wa kaunti 47, hakuchaguliwa mwanamke hata mmoja katika mwaka wa 2013. Katika mwaka wa 2017 walichaguliwa watatu, na katika mwaka wa 2022 wakachaguliwa saba. Mwendo huo ni wa polepole, lakini ni mwendo.

MLANGO WA SHULE ULIVYOFUNGUKA

Wakati wa Uhuru, katika kila wanafunzi watatu wa shule za msingi, msichana alikuwa mmoja hivi. Tume iliyoongozwa na Profesa Simeon Ominde katika mwaka wa 1964 ilitengeneza msingi wa elimu ya taifa jipya, na shule zikaongezeka mno. Lakini karo ilibaki kuwa kichungi. Nyumba yenye watoto wawili na fedha za mmoja ilimchagua mvulana, kwa hoja kwamba msichana ataolewa na masomo yake yatakwenda na watu wengine. Mvulana aliporudi kutoka shuleni alisoma. Msichana aliporudi alikwenda mtoni, akakata kuni, akabeba mdogo wake mgongoni. Mtihani ulipokuja wote wawili walipewa karatasi moja, na msichana aliposhindwa ilisemwa kwamba hana akili za hesabu.

Elimu ya msingi bila karo, iliyotangazwa katika mwaka wa 2003, iliingiza shuleni zaidi ya watoto milioni moja waliokuwa nje. Katika mwaka wa 2008 karo ya masomo iliondolewa pia katika shule za sekondari za kutwa. Katika mwaka wa 2017 sheria ilifanywa kwamba Serikali iwape wasichana wa shule taulo za hedhi bila malipo, maana wengi walikuwa wakikosa masomo siku kadha kila mwezi, na mtoto anayekosa siku hizo hawezi kuwa sawa na mwenziwe. Msichana aliyepata mimba, ambaye zamani alifukuzwa shuleni na habari yake ikaishia hapo, sasa anaruhusiwa kwa kanuni za Serikali kurudi baada ya kujifungua. Kwa sababu ya mambo hayo, tofauti ya hesabu ya wavulana na wasichana katika shule za msingi imepungua sana katika sehemu nyingi za nchi. Katika kaunti kavu za kaskazini, kama Mandera, Wajir, Garissa na Turkana, bado wapo wasichana wengi wanaokosa shule kwa sababu ya umbali, umaskini na ndoa za mapema.

Lakini kuingia katika shule moja si kusoma somo moja. Mwanafunzi wa sekondari anapofika mahali pa kuchagua masomo, wasichana wengi huiacha fizikia, nao huambiwa na jamaa, pengine na mwalimu mwenyewe, kwamba ni ngumu kwao. Na anayeiacha fizikia ameacha uinjinia, urubani na ufundi mwingi wa mitambo kabla hajatimiza miaka kumi na minane. Katika vyuo vya ufundi, vyumba vya ususi, ushonaji na upishi vimejaa wasichana. Vyumba vya umeme, uchomeleaji na magari vimejaa wavulana. Wote hupata cheti, lakini vyeti hivyo havina bei moja sokoni. Hivyo ukuta ulioondolewa langoni mwa shule umejengwa tena kati ya chumba na chumba.

SHERIA IMESEMA NINI

Yafaa kila mfanya kazi ajue sheria ilivyo, kwa maana haki isiyojulikana haidaiwi. Kwa sheria ya kazi ya mwaka 1976, mwanamke aliyejifungua alipewa miezi miwili ya mapumziko yenye mshahara, lakini aliyeichukua alinyimwa likizo yake ya mwaka huo. Ni kama kwamba kuzaa ni kustarehe. Sheria ya mwaka 2007 iliondoa jambo hilo. Ilimpa mama miezi mitatu yenye mshahara kamili bila kupoteza likizo, ikampa baba wiki mbili, na ikaamuru kwamba kazi zenye thamani sawa zilipwe sawa. Maneno “thamani sawa” yana uzito wake: mwajiri hawezi kujitetea kwa kubadili jina la kazi tu, mmoja akiitwa msimamizi na mwingine akiitwa msaidizi, hali kazi yao ina thamani moja.

Katiba ya mwaka 2010 inakataza ubaguzi kati ya wanawake na wanaume, na yataka kwamba katika vyombo vya kuchaguliwa au kuteuliwa wasizidi theluthi mbili walio wa jinsia moja. Mabunge yaliyochaguliwa katika miaka ya 2013, 2017 na 2022 hayakuitimiza hesabu hiyo, na katika mwezi wa Septemba 2020 Jaji Mkuu wa wakati huo, David Maraga, alimshauri Rais kulivunja Bunge kwa sababu ya kutopitisha sheria ya kuitekeleza. Bunge halikuvunjwa. Sheria ya mali ya ndoa ya mwaka 2013 nayo imetamka kwamba kazi za nyumbani, ulezi wa watoto na kazi ya shamba la jamaa zahesabiwa kuwa mchango katika mali. Mahakama ya Juu ilieleza katika mwaka wa 2023 kwamba mgawo wa nusu kwa nusu haupatikani wenyewe, na kwamba kila upande sharti uthibitishe mchango wake. Kwa hiyo mama mwenye busara hutunza risiti na kumbukumbu, sawasawa na mwenye duka.

MTOTO NA SAA ZA KAZI

Wapo wasemao kwamba wasichana wakisoma masomo yote tofauti ya malipo itakwisha. Habari za nchi tajiri zaonyesha kwamba haitoshi. Profesa Claudia Goldin wa Marekani, aliyepewa Tuzo ya Nobel ya Uchumi katika mwaka wa 2023, alichunguza kumbukumbu za kazi za wanawake wa nchi yake kwa muda wa miaka zaidi ya mia mbili. Aligundua kwamba zamani sehemu kubwa ya tofauti ya malipo ilitokana na masomo na aina za kazi. Siku hizi sehemu kubwa imo kati ya mwanamke na mwanamume wa kazi moja, na huanza kuonekana hasa anapozaliwa mtoto wa kwanza. Baba huendelea kukaa ofisini mpaka usiku, na mama hutafuta kazi inayomruhusu kurudi mapema. Mwisho wa miaka, mmoja ni mkuu na mwingine amebaki nyuma.

Katika Kenya mama mwenye cheo mara nyingi hujiokoa kwa kumwajiri msichana wa kazi. Msaada huo ni wa kweli, lakini mzigo haukuondoka mabegani mwa wanawake. Umeshuka kutoka kwa mwanamke mwenye masomo kwenda kwa mwanamke aliyeyakosa. Waswahili walisema zamani kwamba mkono mmoja haulei mwana, na mkono wa pili unaotajwa hapo hakuna aliyesema kwamba sharti uwe wa mwanamke.

MAJIBU KWA WENYE SHAKA

Mtu atasema kwamba kazi nyingine zataka nguvu. Ni kweli, ziko. Lakini mwanamke achukuaye debe la maji kichwani na mtoto mgongoni, akapanda mlima, hakuulizwa kama ana nguvu. Nguvu huulizwa pale tu penye ujira mzuri.

Mwingine atasema kwamba siku hizi mvulana ndiye aliyesahauliwa, kwa maana katika sehemu nyingine wavulana huacha shule kwa ajili ya kuchimba mawe, kuendesha bodaboda au kunywa pombe. Jambo hilo ni la kweli na lataka dawa yake. Lakini dawa hiyo haipatikani kwa kumrudisha msichana jikoni. Mvulana naye hudhurika na mpaka huu: kijana mwenye moyo wa kulea hucheka-chekwa akitaka kufundisha watoto wadogo, na asiyepata kazi “ya kiume” huona haya kufanya nyingine. Watu wa zamani hawakuona haya hiyo. Babu wengi walilipa karo ya watoto wao kwa mshahara wa upishi.

YANAYOWEZA KUFANYWA

Mzazi mwenye watoto wawili na awagawie kazi za nyumbani sawasawa, mvulana aoshe vyombo na msichana apate saa ya kusoma. Fedha zikitosha mtoto mmoja tu, na atazame alama zao kabla ya kutazama kama ni wa kike au wa kiume. Mwalimu na asimwambie msichana kwamba fizikia ni ngumu kabla hajamfundisha. Mkuu wa chuo cha ufundi na awaonyeshe wanafunzi wapya malipo ya kila kazi kabla hawajajiandikisha, wachague wakijua. Chama cha ushirika na kiwaandike wake kuwa wanachama, na fedha za kahawa au maziwa zimfikie aliyezitolea jasho. Mwajiri naye na aichukue orodha ya mishahara yake, afunike majina, asome kazi zilizofanywa na malipo yaliyotolewa, kisha afunue majina. Ikiwa hesabu itamwonea haya, anajua la kufanya, na sheria ya mwaka 2007 imekwisha kumwambia.